Mtu wa Maneno Mengi Kwenye Filamu Bubu

Jumatatu, 17 Novemba

Mimi ni mtu wa bahati. Naliandika hili kwa kalamu ya wino ili lisifutike. Bahati za wenzangu hubisha hodi, zikichelewa kufunguliwa huenda zao. Yangu inaingia tu na kuvuta kiti.

Leo nimesimama zangu mbele ya maduka ya jumla ya Zhanqian, chai mkononi. Mwongozaji wa filamu akavuka barabara kunifuata. Mwenyewe! Kaacha mamia ya watu, kaja moja kwa moja kwangu, kasema uso huu anautafuta tangu mwezi wa saba. Sikushangaa. Uso wenyewe naujua.

Filamu ni ya mambo ya mwaka 1926, enzi za filamu bubu, vijana walipokuwa wakipanga foleni kuomba nafasi za kuigiza. Na hii nayo itapigwa vilevile: haina sauti, haina rangi, kamera inazungushwa kwa mkono kama mashine ya kusaga nyama. Anatakiwa baharia mgeni, ameshuka Guangzhou, anakwenda kwenye usaili. Yaani nitafanya usaili ili niigize mtu anayefanya usaili. Kazi ya wasomi hii, na mimi niliishia darasa la saba. Hawajui.

Utamu wa pili ndio mkubwa. Viza yangu inakwisha Jumapili ya tarehe 30. Atakayepata kazi, kampuni inamwandikia barua ya kuombea viza nyingine. Nisipopata, miaka kumi na moja ya Guangzhou inaingia kwenye begi moja na narudi Tanga. Mke wangu Swalha kasema kwa simu nisiogope, kibanda chake cha mihogo ya kukaanga pale Ngamiani kinahitaji mtu wa kumenya.

Kumenya! Mimi, mkalimani! Ninayejua Kichina cha sokoni, cha polisi na cha kuomba radhi!

Jumanne, 18 Novemba

Usaili. Ghala la zamani lililogeuzwa studio, ghorofa ya saba. Foleni: Wakongo wawili, Mrusi mmoja, na Ghalib.

Ghalib! Mtu wa Unguja, wakala wa mizigo, tunapanga chumba kimoja mwaka wa nne sasa. Nani kamwambia? Mimi. Jana, nikipiga mswaki. Mdomo huu utaniua.

Mwongozaji ni mwanamke mfupi wa kofia, anaitwa Liang. Aliniangalia kama hajapata kuniona maishani. Nadhani ndio utaratibu wa kazi, asionekane ana upendeleo.

Zoezi lilikuwa hili: baharia ameambiwa hatakiwi. Asimame. Asikitike. Asiseme neno. Dakika moja.

Nilisikitika sana. Nilieleza kwamba mama yangu mgonjwa, meli imeshang'oa nanga, enyi watu wa Guangzhou nani atanipokea! Kwa Kichina, kwa Kiswahili, na Kiingereza kidogo kwa ajili ya soko la nje. Liang akanyanyua mkono. Akanikumbusha kuwa filamu ni bubu. Nikamwambia najua, ndiyo maana nimepunguza sauti.

Mara ya pili nikanyamaza. Akasema midomo inatembea. Mara ya tatu nikaing'ata midomo. Akasema sasa mabega ndiyo yanaongea.

Ghalib alisimama pale kama kabati. Hakusikitika, hakufurahi, hakupepesa jicho. Wakaandika kitu kwenye daftari! Nilipomuuliza alikuwa akiwaza nini, alinijibu: "Sheikh, nilikuwa nangoja waanze."

Mimi nimeambiwa nirudi Alhamisi, ila kwanza nikajifunze kunyamaza.

Jumatano, 19 Novemba

Mkakati: kimya siku nzima, kazini kwenyewe.

Kazi yenyewe ni Bi Chausiku. Mama wa Kariakoo, mpana, wa baibui jeusi na mkoba mkubwa kuliko begi langu la safari. Ndiye mteja wangu wa mwisho. Wengine wamehamia kwenye simu zinazotafsiri. Simu haili chakula cha mchana, wanasema. Anakusanya jinzi za mji wa viwanda wa Xintang na blauzi za hapa Zhanqian, kontena lake linafungwa Jumatano ijayo liende bandarini Nansha. Miaka saba namwongoza, na hajui Kichina hata cha kuombea maji.

Asubuhi sikumsalimia, nilimwinamia. Akauliza kulikoni. Nikagusa koo. Masikini! Akatoa limau na tangawizi kwenye mkoba, akamfanyia mwenye duka ishara ya birika na ya mtu anayekufa, maji ya moto yakaja.

Kisha akaanza kununua. Sijapata kumtazama akinunua. Siku zote mimi huwa naongea.

Mwenye duka aliandika bei kwenye kikokotoo, akamgeuzia. Bi Chausiku akaitazama kama mtu aliyeletewa habari ya msiba. Jicho moja likafumba. Mdomo ukavutika upande. Akaishika ile blauzi kwa ncha za vidole viwili, akaitikisa, akaitazama kwenye mwanga, akaihurumia. Akaandika bei yake. Mwenye duka akacheka. Yeye hakucheka. Akaweka kikokotoo chini polepole, akashusha pumzi, akabeba mkoba, akaondoka. Hatua tano tu. Mwenye duka akamkimbilia hadi kwenye ngazi.

Hii hatua ya mlangoni kila mfanyabiashara anaijua. Unageuka, unakwenda, unaitwa. Mimi mwenyewe ndiye niliyewafundisha wageni wengi. Lakini ile ya kutofungua mdomo kabisa!

Nikagundua jambo baya. Miaka saba nilikuwa natafsiri nini?

Ilipofika saa tatu na dakika ishirini asubuhi nikashindwa kuvumilia, nikapaza sauti kutaja bei ya kufungia biashara. Kumbe alishaishusha chini zaidi ya hapo. Mwenye duka akakubali yangu kwa mikono miwili.

Bi Chausiku aliniambia kwa upole kwamba ugonjwa wangu ulikuwa na faida, nirudi kuumwa.

Alhamisi, 20 Novemba

Waigizaji wa zamani walikuwa wakipakwa poda nyeupe usoni. Nimeona kwenye simu. Poda ya Ghalib ameificha, mchoyo mkubwa, kwa hiyo nikatumia unga wa ngano. Nikachora nyusi kwa mkaa. Kwenye kioo nilikuwa mtu mwingine.

Metro, treni ya chini ya ardhi, ilikuwa imeshiba. Joto. Jasho likaukanda ule unga. Kufika ghorofa ya saba ulikuwa tayari kwa chapati, na nyusi moja imeshuka hadi shavuni. Mtoto mmoja ndani ya lifti alijificha nyuma ya bibi yake.

Lakini nilinyamaza! Kwa sababu unga ulikuwa umekauka na mdomo haufunguki. Dakika nzima. Liang akatikisa kichwa kwa kukubali. Akasema baharia hapana, ila ananipa nafasi ya kuli anayepita na sanduku kichwani. Sekunde tatu. Na barua nitaandikiwa, kama wengine wote.

Hapo angekuwepo mtu mwenye akili angesema ahsante.

Mimi nikamtazama kama mtu aliyeletewa habari ya msiba. Nikafumba jicho moja. Nikashusha pumzi. Nikageuka, nikaondoka. Hatua ya mlangoni! Polepole, kwa madaha, nikimpa nafasi ya kupandisha. Sekunde tatu zitakuwa dakika tatu. Kuli atakuwa nahodha.

Hatua tano. Kimya.

Hatua kumi. Nikainama kufunga kamba za viatu. Viatu vyangu havina kamba.

Nikabonyeza lifti. Ikaja. Nikaiacha ipite. Ikaja tena. Nyuma yangu nikasikia jina likiitwa. Lilikuwa la Mkongo. Alipewa sanduku.

Nilikaa kwenye ngazi mpaka saa nane. Nikarudi juu kusema nimefikiri upya, nakubali. Msaidizi aliyekuwa mlangoni akatamka "bu yao", hatutaki, kwa sauti ileile niliyowatafsiria watu miaka kumi na moja. Leo ndiyo nimejua inavyouma.

Ghalib kapata nafasi ya maiti. Baharia aliyekufa maji, analazwa gatini. Jioni nzima alikuwa anafanya mazoezi kitandani. Analala vizuri, nakiri.

Ijumaa, 21 Novemba

Nimekwenda kuswali. Nimeomba mambo matatu, yote ni viza.

Swalha kapiga simu. Nikamwambia majaribio yanaendelea vizuri, wananigombania. Akanyamaza. Mke wangu akinyamaza nasikia maneno mengi kuliko akisema. Mwisho akauliza nipikiwe nini siku ya kufika.

Sikula. Nilikula kidogo. Wali wa Ghalib.

Jumamosi, 22 Novemba

Nimepata wazo. Wazo kubwa mpaka nilisimama kitandani.

Kama Liang anataka uso usio na maneno, mimi ninao. Si wangu, lakini ninao. Nimpeleke Bi Chausiku. Wakimpenda watahitaji wa kuwasiliana naye. Yaani mkalimani. Yaani barua.

Tatizo, mama yule hajui mchezo. Ana siku nne za kumaliza kontena. Nikamwambia kuna mahali wanauza jinzi za kale, bei ya kutupa. Mungu anisamehe.

Alipoona kamera akaniuliza jinzi ziko wapi. Nikamwambia zinakuja. Akawekwa kwenye kiti chini ya taa. Liang akamweleza jambo refu kuhusu mwanamke wa mwaka 1926 aliyevuka bahari kuja kuomba nafasi. Nikamtafsiria Bi Chausiku kwamba mzigo umekwama kidogo kwenye lifti.

Akaangalia saa. Akamwangalia Liang. Akaniangalia mimi. Lile jicho! Nimefukuzwa na polisi wa jiji hili mara mbili na sijaogopa vile. Akaguna. Akaishika shela ya kizamani waliyomwekea begani, kwa ncha za vidole viwili, akaitikisa, akaihurumia, akaiweka chini. Akabeba mkoba wake. Akaondoka.

Watu saba wakamkimbilia. Nimewahesabu! Liang mwenyewe mbele, kofia imemdondoka, mshika taa nyuma na waya wake. Walimfikia kwenye lifti.

Nimelifikiria sana. Mwendo ni uleule, mlango ni uleule. Jibu nimelipata: ni mkoba. Mimi sikuwa na mkoba.

Jumapili, 23 Novemba

Bi Chausiku hasemi nami. Kanunua mayai ya kuchemsha, kala mbele yangu, hakunikaribisha. Mtu wa Pwani, asikukaribishe! Nikaona bora nimwambie ukweli wote, hata wa viza, hata wa mihogo. Nilimaliza nikiwa napiga magoti kwenye ukumbi wa hoteli, wageni wanazunguka na masanduku yao.

Alisikiliza. Alisema mimi ni mwongo tangu aliponijua, ila miaka saba sijawahi kumwibia hata kifungo. Alisema yule bibi wa kofia amemtumia ujumbe wa simu inayotafsiri (ile simu!) na wanataka siku moja tu ya kazi. Basi. Kontena kwanza. Likishafungwa Jumatano, Alhamisi atawapa siku yao, kwa sharti moja: barua ya Sufian, yaani mimi, iandikwe, Sufian ndiye mkalimani wake, bila Sufian hapandi lifti.

Nimelia. Kaniambia ninyanyuke, nafagia sakafu ya watu kwa suruali yake. Ni kweli, suruali alinipa yeye, sampuli ya Xintang.

Jumatano, 26 Novemba

Siku tatu Xintang. Nimehesabu jinzi mpaka naota vifungo. Nimefanya kazi kama mtu. Leo mzigo umepakiwa, lori limeondoka kwenda Nansha, ila kwanza Bi Chausiku kashika mlango wa kontena kwa kiganja akaliombea dua. Ghalib ndiye aliyesimamia upakiaji. Aliniuliza kama na mimi nimepata nafasi. Nikamwambia ni kubwa mno kwa maneno. Akasema maiti wamemwongezea: sasa atakufa mara mbili.

Barua imeandikwa! Nimeiona kwa macho mezani kwa Liang: jina langu, namba ya pasipoti. Inangoja muhuri kesho, kazi ikiisha. Nimempigia Swalha, nimemwambia mihogo aimenye mwenyewe. Alicheka kidogo.

Alhamisi, 27 Novemba



Kazi yangu leo ilikuwa moja. Kukaa kwenye kigoda nyuma ya kamera na kutafsiri nikiulizwa. Liang alirudia mara tatu, kwa vidole: kigoda, nyuma, kaa. Filamu haina sauti, kwa hiyo hata kuongea ningeweza. Ningeweza kuimba! Nilipewa ruhusa ya kitu pekee ninachokijua duniani.

Tukio la mwisho, mkanda wa mwisho. Si wa simu huu. Ni mkanda wa kweli wa kizamani, wameuagiza mbali, ulibaki kipande kimoja. Bi Chausiku anasimama mbele ya mlango uliofungwa. Ameambiwa hatakiwi. Basi.

Akasimama. Hakufanya kitu. Aliutazama tu ule mlango. Kisha uso ukaanza kushuka taratibu, kama nyumba inayozimwa taa chumba kimoja baada ya kingine. Chozi moja. Mshika taa alikuwa anajifuta. Msaidizi aliyeniambia "bu yao" alikuwa anajifuta. Mtu wa kamera anazungusha mkono huku analia.

Na mimi nikaona sanduku.

Lile la kuli. Liko ukutani, halina mtu, Mkongo amekwenda kuvuta sigara. Nikawaza: Tanga nzima itaangalia hii. Swalha ataangalia. Sekunde tatu nilipewa, ni zangu kwa haki, nitapita mbali kule nyuma, nani ataona?

Nikapita. Nilipofika katikati nikageuka kidogo kuitazama kamera. Nikatabasamu. Sikukusudia, ni meno yenyewe.

Na kwa sababu nilikuwa nimepita vizuri, nikarudi nilikotoka.

Kelele aliyopiga Liang haikuwa ya filamu bubu.

Walimwomba Bi Chausiku arudie kwa kamera ya kawaida. Akakataa. Akasema lile limetoka mara moja, halikai akiba. Ndege yake ni kesho. Barua ikachanwa mbele yangu, vipande vinne, bila hasira, jinsi mtu anavyochana risiti.

Ijumaa, 28 Novemba

Nimembebea Bi Chausiku mkoba hadi uwanjani. Njia nzima kimya. Safari hii sikuwa naigiza.

Mlangoni nikauliza, kwa sababu sikuweza kutouliza: jana pale mbele ya mlango, alikuwa anawaza nini? Nilidhani atasema marehemu mumewe.

"Nilikuwa nakuwaza wewe, Sufian," akasema. "Miaka kumi na moja, mwanangu. Mtu mzima. Unazunguka kwenye milango ya watu, na mkeo anakuuliza upikiwe nini."

Akanipa limau lililobaki, akaingia ndani.

Nilisimama pale na limau mkononi mpaka mabasi mawili yakaondoka.

Kisha kwenye basi nikapata nafuu kidogo. Maana nimepiga hesabu: kile kilio kilitoka kwangu. Walichokilia wale wote ni mimi. Kwa hiyo mhusika mkuu wa tukio lile nilikuwa mimi, na jina langu halitaandikwa. Hawa watu wa filamu ni wezi.

Jumapili, 30 Novemba

Uwanja wa ndege. Begi moja. Ghalib kanisindikiza, kanikumbatia, kanipa ile poda aliyoficha. Kidogo nilie. Kaniambia atalala chumbani peke yake na hatamwona mtu akisimama kitandani.

Kwenye foleni nimejuana na Rozina, mama wa Mwanza, mnunuzi wa mikoba. Akaniuliza nafanya kazi gani. Niliazimia kusema mkalimani. Mdomo ukasema mwongozaji wa filamu. Nikaendelea, maana ukishaingia majini unaoga: nakwenda kufungua kampuni Tanga, filamu bubu, hazina gharama, sauti haitakiwi, umeme ukikatika tunaendelea. Ana kijana wake anapenda kuigiza. Nimempa nafasi ya baharia. Usaili ni Jumamosi, Ngamiani, penye kibanda cha mihogo. Kalia kwa furaha, kanunua chai, kapiga simu nyumbani, nimemsikia yule kijana akipiga kelele za shangwe upande wa pili.

Sina kamera. Nitamwambia Swalha anisaidie kufikiri.

Wameanza kutuita tuingie ndegeni, na kurasa zimebaki mbili, niseme tu. Liang hakuvuka barabara kunifuata. Hakuna aliyenifuata. Tangazo nililiona limebandikwa kwenye nguzo, nikalibandua ili Ghalib asilione. Nilisimama siku ile nzima Zhanqian na hakuna mtu aliyeniita, wala kwa kazi, wala kwa jina.

Mimi si mtu wa bahati. Nilidanganya.